Mfumo wa zamani wa Java haujafa, upe Java yake

Kila mwaka ikikaribia Oktoba, korosho zinapoanza kudondoka, mafundi kompyuta wa huku Mtwara na Lindi tunaanza kupokea simu za aina moja. Chama cha msingi cha wakulima kimepata laptopu mpya, au duka la pembejeo limebadilisha mashine, au ile ya zamani imeungua na umeme, sasa mfumo uliokuwa unafanya kazi miaka yote umegoma kufunguka. Ukibonyeza mara mbili kimya, au linatokea dirisha jeusi sekunde moja afu linapotea, au inakuja Error imeandikwa Kiingereza kirefu ambacho karani hana muda nacho kwa sababu nje watu wameshapanga foleni na magunia.

"Shikamoo mama."

"Marahaba mwanangu, ule mfumo wetu kwenye mashine mpya haufunguki kabisa, na kesho watu wanaleta mzigo."

Ukienda kuangalia unakuta programu ya Java, yaani imeandikwa kwa lugha ya Java na haikimbii mpaka Java yenyewe iwemo kwenye mashine. Ukichimba zaidi unakuta imeandikwa na kijana mmoja aliyekuwa chuo enzi hizo, labda mwaka 2008, labda 2012, akaitengeneza kwa NetBeans, ile programu ya kuandikia programu za Java, akaweka fomu za kusajili wanachama, kupokea kilo, kukata madeni ya salfa (dawa ya mikorosho) na kutoa risiti, akalipwa hela kidogo, akapata ajira Dodoma au Dar na namba yake ya simu haipatikani tena. Mfumo ukabaki. Na mi nasema kwa dhati kabisa, nyingi ya hizi programu ni nzuri. Zimeandikwa na mtu aliyekaa na karani akamuuliza kazi inaendaje, kwa hiyo maneno yaliyomo ndo maneno ya ghalani, hakuna mtu aliyehitaji semina ya siku tatu kujifunza. Najua siku hizi minada ya korosho inapitia mfumo wa soko la bidhaa TMX na mambo mengi yamehamia mtandaoni, lakini daftari la ndani la chama, nani ana deni, nani alikopa mabomba ya kupulizia msimu juzi, hayo kwenye vyama ninavyovijua mimi bado yamo kwenye programu hizi.

Kwa hiyo naandika hii kwa ajili ya vijana wanaoanza ufundi huku kwetu, hasa wale ambao wakiona mfumo wa Java umegoma kwenye Windows 11 jibu lao la kwanza ni kwamba huu umepitwa na wakati tuandike mwingine. Hapana. Jembe likichomoka mpini hulitupi jembe, unatafuta mpini unaolingana na tundu lake. Mara nyingi sana programu ni nzima, kilichokosekana ni Java ya umri wake.

Ngoja nieleze kwa nini, maana ukielewa hapa mengine yote yanakuwa mepesi. Java ilitoka kwa kampuni ya Sun Microsystems ya Marekani, JDK ya kwanza, yaani kifurushi cha Java cha kuandikia programu, ni Januari 1996 (JRE ni kile cha kuendeshea tu). Miaka mingi wale jamaa walikuwa waangalifu mno kutovunja kazi za nyuma, kitu cha 1.4 cha mwaka 2002 kilienda kwenye Java 5 ya 2004, Java 6 ya mwishoni mwa 2006, mpaka Java 7 ya 2011, bila shida za maana. Sun wakanunuliwa na Oracle, dili likakamilika Januari 2010. Java 8 ikatoka Machi 2014, na hiyo ndo ya kushika kichwani kwa sababu ni kama mpaka wa nchi. Baada yake ikaja Java 9, Septemba 2017, wakapanga upya nyumba yote ya ndani kwa moduli, faili la rt.jar likaondoka, tools.jar ikaondoka, programu nyingi zilizokuwa zinaingiza mkono kwenye vitu vya ndani vya Java zikaanza kupewa onyo, na kuanzia Java 16 mlango ukafungwa kabisa isipokuwa uufungue mwenyewe kwa --add-opens. Java 11 ya 2018 ikaondoa vipande ambavyo programu za zamani zilivitegemea, JAXB, CORBA, Java Web Start na ile plagini ya apuleti, vile viprogramu vya kwenye brauza. Sasa kijana ananunua laptopu mpya, anaingia mtandaoni anashusha Java mpya kuliko zote, 21 au zaidi, anaamini mpya ndo bora, afu anashangaa mfumo wa 2009 umekataa.

Kwa hiyo ukikutana na mfumo wa Java wa zamani anza na Java 8. Sio 17, sio 21. Programu nyingi za madirisha, zile za Swing, zilizoandikwa tangu enzi za 1.4, zinakubali kwenye 8 bila kugusa hata herufi moja. Ikigoma kwenye 8 ndo unarudi nyuma kwenye 7 au 6, na sababu za kurudi ni chache, kubwa kuliko zote nitaieleza hapo chini.

Kama unataka kujua programu ilitengenezwa kwa Java ya ngapi, faili la .class lina namba ndani yake. 48 ni Java 1.4, 49 ni 5, 50 ni 6, 51 ni 7, 52 ni 8, 55 ni 11, 61 ni 17. Ukiona ule ujumbe maarufu wa "Unsupported major.minor version 52.0" maana yake programu ilijengwa kwa Java 8 na wewe unaiendesha kwa Java ya nyuma zaidi. Usihangaike kuuliza mtu, soma namba, weka Java inayotakiwa, maliza.

Sasa kuinstoli. Ushauri wangu hapa ni mkali na nimeushikilia muda mrefu, usitumie instola inayojiandikisha kwenye Windows nzima. Chukua Java ya zip, ifungue kwenye folda yake yenye njia fupi isiyo na nafasi, mfano C:\Java\jdk8, basi. Zipo za bure na halali, Temurin ya Adoptium, Zulu ya Azul, Corretto ya Amazon, na Temurin na Zulu wana toleo la 8 la biti 32 kwa Windows, Azul wanazo hata za 7 na 6. Ya Oracle yenyewe kuwa makini, tangu Aprili 2019 matoleo mapya ya Java 8 yao ni bure kwa matumizi binafsi na kwa kuandikia programu, biashara inatakiwa kulipia, na chama cha ushirika au duka ni biashara, sasa kwa nini umuingize karani kwenye mambo ya leseni wakati kuna za bure zinafanya kazi ile ile.

Instola ina tabia nyingine mbaya, inaweka java.exe yake mbele kwenye PATH, ile orodha ya folda ambamo Windows inatafuta programu, kwenye folda inayoitwa javapath. Ukiwa na mashine yenye Java tatu, ukiandika java -version unapata moja, JAVA_HOME (ile alama inayoziambia programu Java ipo wapi) inaelekea kwingine, na faili la .jar, yaani programu yenyewe iliyofungashwa, ukilibonyeza linafunguliwa na ya tatu. Hapo ndo watu wanazunguka mchana kutwa. Andika where java kwenye ile komandi nyeusi, itakuonyesha zote zilizopo kwenye njia na ipi inatangulia. Lakini dawa ya kudumu ni kutotegemea hiyo njia kabisa. Kila programu ipewe Java yake, itajwe kwa jina kamili. Mi naandika faili dogo la .bat kwenye folda ya mfumo, ndani nina mistari miwili tu:

cd /d C:\Korosho
start "" "C:\Java\jre8-32\bin\javaw.exe" -Xmx512m -jar mfumo.jar

Afu natengeneza shotikati ya hiyo .bat, naiweka deskitopu na jina lile lile na ikoni ile ile aliyozoea karani. Baadae akija mtu akaweka Java nyingine kwa ajili ya kitu kingine, au Windows ikajiapdeti, mfumo hauna habari, una Java yake. Ule mstari wa cd usiuache, programu nyingi za zamani zinatafuta faili zao kwenye folda iliyopo wakati huo, ukiikosa zinasema databesi haipo wakati ipo hapo hapo.

Na mfumo wenyewe usiuweke Program Files. Zamani kwenye XP programu zilikuwa zinaandika faili ndani ya folda yao bila kuuliza mtu, tangu Windows Vista huko panalindwa, na programu nyingine ya biti 32 ikiandika huko Windows inalipeleka faili kimya kimya kwenye folda ya VirtualStore ya yule mtumiaji. Matokeo yake karani wa asubuhi anaona data moja na karani wa jioni aliyeingia kwa akaunti nyingine anaona data tofauti, na kila mmoja anahisi mwenzake kafuta. Kwenye mambo ya hela za wakulima hilo ni jambo zito, watu wanaweza kushukiana wizi kwa sababu ya folda tu. Weka C:\Korosho, weka ruhusa ya kuandika, lala usingizi.

Sasa ile sababu kubwa ya kurudi kwenye Java 7. Ni Access. Huku kwetu watu wengi walifundishwa kuhifadhi data kwenye faili la .mdb la Microsoft Access, na kuunganisha kwa kile kidaraja cha JDBC-ODBC kilichokuwa ndani ya Java yenyewe, kinachounganisha Java na ODBC, njia ya Windows ya kufikia databesi. Ukifungua sosi kodi, yaani maandishi ya programu yenyewe, unakuta sun.jdbc.odbc.JdbcOdbcDriver, afu jdbc:odbc: na jina fulani mfano KOROSHO. Hicho kidaraja kiliondolewa kwenye Java 8, hakipo, hata ufanyeje utapata ClassNotFoundException. Kwa hiyo una njia mbili na zote nimezitumia.

Njia ya kwanza ni kuuacha mfumo kama ulivyo. Tafuta JDK au JRE 7 ya biti 32, ya Oracle yenyewe kwenye ghala lao la matoleo ya zamani, itakutaka ufungue akaunti. Biti 32 kwa sababu draiva ya Access ya .mdb inayokuja na Windows ni ya biti 32, Java ya biti 64 haiwezi kuiita. Afu ile DSN, yaani lile jina KOROSHO, ulitengeneze kwenye kisimamizi cha ODBC cha biti 32, na hapa Windows imewachanganya watu wengi mno kwa sababu majina yamekaa kinyume, cha biti 32 kipo C:\Windows\SysWOW64\odbcad32.exe na cha biti 64 ndo kipo System32. Ukitengeneza DSN kwenye kile cha biti 64 Java yako ya biti 32 haiioni, unaambiwa "Data source name not found", na unaapa kwamba umeitengeneza, na kweli umeitengeneza, ila chumba kingine.

Njia ya pili, kama sosi kodi ipo, ni UCanAccess. Hii ni draiva iliyoandikwa kwa Java tupu, haihitaji ODBC wala Access wala biti fulani, inasoma .mdb yenyewe. Unaweka jar zake tano, yenyewe, Jackcess, HSQLDB, commons-lang na commons-logging, unabadilisha mstari wa kuunganisha uwe jdbc:ucanaccess://C:/Korosho/data.mdb, na mfumo unahamia Java 8. Ijue tabia yake moja, ikifungua databesi inapakia nakala kwenye memori, kwa hiyo faili likiwa kubwa mfumo unachelewa kufunguka mara ya kwanza, mwambie karani asubiri asibonyeze tena na tena. Jaribu pia ripoti zote moja moja, kuna kweri (maswali ya kuvuta data) za Access zilizoandikwa kienyeji zinazopita kwenye ODBC na kugoma huku.

Kati ya hizo mbili, msimu ukiwa umeanza chukua ya kwanza bila kufikiria mara mbili. Ya pili ifanye Machi au Aprili ghala likiwa kimya.

Tuje kwenye sosi kodi. Ukibahatika ukapewa flashi au CD yenye mradi mzima wa NetBeans, kitu cha kwanza kabla hujafungua chochote, nakili folda lote mahali pengine. Nasema hivi kwa sababu kwenye NetBeans kuna kitufe cha Clean and Build, na hiyo Clean inafuta folda la build na folda la dist, na ndani ya dist ndo kuna ile jar pekee inayofanya kazi duniani. Ukikibonyeza afu kujenga kukashindwa kwa sababu maktaba moja haipo, umebaki na mikono mitupu.

Na hiyo dist inahamishwa nzima. Jar pamoja na folda la lib lililo pembeni yake. Kesi nyingi za mfumo kufunguka afu kufa unapobonyeza kuingia ni mtu alinakili jar peke yake akaacha lib, draiva ya databesi ikabaki mashine ya zamani. Vile vile kwenye sosi, kila fomu ina faili mbili, .java na .form, ile .form ndo inayosomwa na kile kichoraji cha fomu, ukiichukua .java peke yake programu itajengwa ila huwezi tena kuvuta vitufe kwa mausi.

NetBeans ipi? Ilianza kama mradi wa wanafunzi huko Jamhuri ya Czech mwaka 1996, Sun wakainunua 1999, Oracle wakairithi, na 2016 ikaanza kuhamishiwa Apache. Mradi mwingi wa kawaida unafunguka kwenye NetBeans 8.2 ya Oktoba 2016 ambayo inataka JDK 8, na hata kwenye Apache NetBeans mpya inafunguka. Ukiiwasha 8.2 kwa Java mpya inafunguka nusunusu, wizadi zinaganda. Nenda kwenye folda ya ilipoinstoliwa, ingia etc, fungua netbeans.conf kama msimamizi, tafuta mstari wa netbeans_jdkhome, ondoa alama ya reli (#) mbele yake kama ipo, andika "C:\Java\jdk8". Hapo umeipa Java yake bila kugusa JAVA_HOME ya mashine.

Kuna aina moja ya mradi inayotesa. Kati ya NetBeans 6 na 7.0 kulikuwa na kiolezo cha Java Desktop Application kilichotumia Swing Application Framework, JSR 296, vijana wengi walikipenda kwa sababu kilikupa menyu na dirisha la About tayari. Huo mpango uliachwa, na kuanzia NetBeans 7.1 kichoraji hakizifungui tena fomu zake kwa kuhariri. Programu inakimbia vizuri, jar zake zipo, ila ukitaka kusogeza kitufe unahitaji NetBeans 6.9.1 au 7.0.1, na JDK 6. Mi ninayo mashine pepe ya VirtualBox yenye Windows ya zamani ndani kwa ajili hiyo tu, siunganishi na mtandao.

Halafu makosa ya kujenga. Kodi ya kabla ya Java 5 inaweza kuwa na kigeu kinaitwa enum, siku hizo ilikuwa jina la kawaida, baadae likawa neno la lugha, badilisha jina basi. Kwenye project.properties ukiona javac.source=1.4 au 1.5, JDK 8 inakubali kwa kulalamika, JDK 9 na kuendelea haikubali kabisa. Na file.reference zinazoanza na C:\\Documents and Settings\\ na jina la yule kijana, hizo ni njia za mashine yake, zielekeze kwenye lib ya mradi wenyewe ili anayekuja baada yako asihangaike.

Walioendelea kidogo walitumia MySQL, seva ya databesi, badala ya Access, na huko nako kuna mitego. Mtu anaweka MySQL 8, iliyotoka 2018, draiva kwenye lib ni mysql-connector ya 2008. Inagoma kwa sababu MySQL 8 imebadilisha namna ya kuthibitisha nywila, utaona caching_sha2_password. Na hata kwenye matoleo kabla ya hapo, draiva za zamani sana zinatuma amri ya SET OPTION SQL_SELECT_LIMIT=DEFAULT ambayo iliondolewa tangu MySQL 5.6, unapata kosa la sintaksi kwenye kweri ambayo hujawahi kuiandika. Kwa mfumo mdogo wa chama mi naweka MariaDB, ndugu yake MySQL, ndo iliyomo kwenye kifurushi cha XAMPP vile vile, na natoa ile draiva ya zamani naweka 5.1.49, ya mwisho kwenye ukoo wa 5.1. Jina la darasa linabaki com.mysql.jdbc.Driver, sosi haiguswi. Ukilipa faili jipya jina lile lile la zamani hata mradi haujui kama kuna kilichobadilika.

Ukiruka kwenye draiva ya 8 ndo utakutana na lile kosa letu sisi wa Afrika Mashariki: "The server time zone value ... is unrecognized". Seva ya huku ikiulizwa majira inaweza kujibu kwa jina ambalo draiva za 8 za mwanzo hazikuwa zinalielewa. Sasa watu wote wanakushauri uongeze serverTimezone=UTC kwenye mstari wa kuunganisha, na kweli kosa linaondoka, ila ndugu yangu usifanye hivyo. UTC ni saa ya dunia nzima, na Tanzania ipo masaa matatu mbele yake. Rekodi za zamani ziliandikwa kwa saa za hapa, ukimwambia draiva kwamba zile ni UTC atazisogeza mbele masaa matatu wakati wa kusoma. Mzigo uliopokelewa saa tatu na nusu usiku, na msimu ukichanganya watu wanapokea mpaka usiku, utaonekana umepokelewa saa sita na nusu usiku, yaani tarehe ya kesho yake. Ripoti ya siku haitalingana na daftari la mkono, mkulima atakuja na risiti yake ya tarehe 14 na mfumo utasema 15. Andika serverTimezone=Africa/Dar_es_Salaam. Ni maneno machache tu na yanalinda heshima ya watu.

Printa sitakaa sana. Programu nyingi zinatuma risiti moja kwa moja LPT1, lile tundu la zamani la printa, kwenye zile printa za sindano, laptopu za siku hizi hazina tundu hilo. Ishee printa ya USB kwa jina fupi, afu net use LPT1: \\jina-la-mashine\jina-la-printa /persistent:yes, kwa printa za sindano inakubali vizuri.

Skrini: maandishi yakiwa madogo kama sisimizi kwenye laptopu yenye skrini kali, ni kwa sababu Java 8 kwenye Windows haijui kukuza, msaada huo ulikuja na Java 9. Bonyeza kulia javaw.exe ya ile folda, Properties, Compatibility, Change high DPI settings, weka tiki ya override uchague System. Makarani wengi wetu ni watu wazima, usiwaachie herufi za kukodolea macho.

Jambo la mwisho ambalo naliona kubwa kuliko yote niliyoandika. Vitu hivi vihifadhi mwenyewe. Mei 2024 kimbunga Hidaya kilikuja na mvua zake barabara ya kwenda Dar ikakatika huko Kilwa, magari yakalala njiani, na tarehe 12 mwezi huo huo nyaya za intaneti za baharini zikakatika mtandao ukawa wa kubahatisha nchi nzima. Hakukuwa na cha kushusha wala cha kuagizia basi. Mwenye faili kwenye hadi diski yake alifanya kazi. Na hata siku za kawaida bando ni hela, JDK ya zip ni kama MB mia, NetBeans mia mbili na kitu, ukishusha kwa kila mteja umekula faida yote. Viungo navyo vinakufa, seva za kuapdeti za NetBeans za zamani zilishazimwa, na Maven (chombo cha kushusha maktaba) ya mradi wa zamani inayoita ghala lake kuu la mtandaoni kwa http ya kawaida inakataliwa tangu Januari 2020, na Java 6 na 7 za kawaida zinashindwa pia kwa sababu huko wanataka TLS 1.2, njia mpya zaidi ya kulinda mawasiliano. Kwa hiyo weka diski moja yenye Java 6, 7 na 8, za biti 32 na 64, NetBeans 6.9.1, 7.0.1 na 8.2, UCanAccess na wenzake, draiva ya 5.1.49, XAMPP, na kwa kila mteja folda lenye dist, sosi, nakala ya databesi na karatasi inayosema Java ipi inatumika na kwa nini. Nakala ya pili ikae nyumba nyingine.

Vijana wanaotaka kuandika upya mi siwazuii, na kuna mifumo inayostahili kuandikwa upya, hasa ile inayohitaji watu wa matawi matatu waone data moja kwa wakati mmoja. Ila andika upya ukiwa na ya zamani inayokimbia pembeni, ili uone inakataje makato, inazungushaje senti, inafanyaje mwanachama akifariki na mrithi akaja na barua ya mtendaji. Hayo yote yamo kwenye ile kodi na hayapo mahali pengine popote, yule kijana aliyaandika baada ya kukaa ghalani.

Ukimaliza kuinstoli usiondoke kwa sababu dirisha limefunguka. Zima mashine kabisa, chomoa modemu, washa upya, mwache karani mwenyewe afungue kwa shotikati yake, aingie kwa nywila yake, asajili mzigo wa majaribio, achapishe risiti, atoe ripoti ya jana ailinganishe na daftari. Afu ule mzigo wa majaribio aufute yeye mwenyewe, mbele yako, kabla foleni haijaanza.